Maswali na Majibu: Mwaka 1980 kwa Macho ya 1930, na Kesho Nyingine za Kuchekesha

Barua za safari hii zimeegemea upande mmoja: filamu za zamani za vichekesho zilizojaribu kuonyesha binadamu wa miaka mingi ijayo atakula nini, atasafiri vipi na ataoa kwa utaratibu gani. Tunazijibu moja baada ya nyingine. Zenye mengi tumezikalia, zenye machache tumezipitia haraka.

Ni filamu ipi ya vichekesho iliyotangulia kuonyesha maisha ya wakati ujao? (Msomaji, Mombasa)

Inategemea unahesabu kuanzia wapi. Kama mashine ambayo haijawahi kuwepo inatosha, anza na La Charcuterie mécanique ya ndugu Lumière, Ufaransa, 1895. Haifiki dakika moja. Kuna sanduku kubwa lenye gurudumu ubavuni. Nguruwe mzima anatumbukizwa upande mmoja, gurudumu linazungushwa, na upande wa pili wanachomoa soseji na vipande vya nyama vilivyokwisha kutayarishwa. Ujanja wa kamera hakuna. Miaka miwili baadaye George Albert Smith wa Uingereza akaurudia mzaha huo katika Making Sausages, ila kwake wanaoingia mashineni ni paka na mbwa. Hapo ndipo kichekesho kinapoanza kuuma: mlaji wa mjini hajui tena kilichomo ndani ya soseji yake.

Kama unataka filamu inayotaja mwaka waziwazi, tazama Marekani mwaka 1910. Kampuni ya Thanhouser ilitoa Looking Forward, kisa cha mwanafunzi wa kemia aliyegundua dawa ya usingizi. Anakunywa, analala miaka 100, anaamka 2010 na kukuta wanawake ndio watawala na wanaume hawana haki. Meya mwanamke ndiye anayemposa. Usingizi mrefu uligeuka njia rahisi kuliko zote ya kumfikisha mhusika kesho, kwa sababu haudai seti wala chombo cha kusafiria. Kitanda na kalenda vinatosha.

Nimesikia kuna filamu ya 1930 iliyobashiri mwaka 1980. Ilionyesha nini hasa, na ilipatia wapi? (Mwalimu wa historia, Morogoro)

Hiyo ni Just Imagine ya kampuni ya Fox, iliyoongozwa na David Butler. Ina sauti na nyimbo, na mchekeshaji wake mkuu ni El Brendel, aliyekuwa na umaarufu wake siku hizo kwa lafudhi ya kuigiza ya Kiswidi. Anacheza mtu aliyepigwa na radi mwaka 1930 na kufufuliwa na madaktari 1980. Kwa kuwa hana jina la kisasa, wanamwita Single O.

Majina yamefutwa, yamebaki herufi na namba. Kijana rubani wa safari za Atlantiki ni J-21, mpenzi wake ni LN-18 (Maureen O'Sullivan), rafiki ni RT-42. Ndoa inaamuliwa na mahakama. Wanaume wawili wakimwomba mwanamke mmoja, hakimu anampa yule mwenye sifa kubwa zaidi katika jamii. J-21 anashindwa na MT-3, anapewa miezi minne ya kukata rufaa, na ili apate sifa anakubali kurushwa kwa roketi hadi Mars. Huko kila kiumbe ana pacha wake, mmoja mwema na mwingine mbaya.

Sehemu ya Mars si tamu sana. Tamu ni ya mjini. Barabarani magari yamepungukiwa kazi, watu wana ndege zao ndogo, wanazisimamisha hewani ubavu kwa ubavu na kupiga soga, huku askari wa trafiki naye akielea akiongoza misafara. Simu zina kioo cha kumwona unayezungumza naye. Wanandoa wakitaka mtoto wanatumbukiza sarafu kwenye mashine na mtoto anatoka. Single O anatazama haya yote na kusema kila mara kwamba anazitaka siku zile za zamani.

Sasa, kupatia. Simu ya picha waliipata, ingawa wameifunga mahali pamoja kama simu zote za wakati wao. Hawakufikiria kwamba mtu angetembea nayo mfukoni. Watoto waliotungwa nje ya mwili wa mama walianza kuzaliwa kweli, wa kwanza akiwa Uingereza mwaka 1978, miaka miwili kabla ya tarehe ya filamu, lakini kwa njia isiyofanana hata kidogo na mashine ya sarafu. Ndege binafsi juu ya kila mtaa, hapana.

Ila kuhesabu walichopatia ni kuziangalia filamu hizi kutoka upande usiofaa. Mtunzi wa kichekesho hana nia ya kubashiri. Anachukua kero ya mwaka wake mwenyewe, anaivuta mpaka inakatika. Katika Just Imagine pombe nayo inamezwa kama kidonge, kwa sababu Marekani ilikuwa chini ya marufuku ya pombe tangu 1920, na iliondolewa 1933. Ndege zina chapa za Rosenblatt na Pinkus, majina ya Kiyahudi, na Single O anasema inaonekana kuna mtu amelipiza kisasi kwa Henry Ford, mwenye kiwanda cha magari. Mtazamaji wa 1930 alicheka papo hapo, maana gazeti la Ford lilikuwa limechapisha makala za chuki dhidi ya Wayahudi kwa miaka. Leo mzaha huo haumfikii mtu bila maelezo. Kwa hiyo, mwalimu, ukiionyesha darasani, waulize wanafunzi filamu inalalamikia nini cha mwaka 1930, wala usiwape orodha ya kuweka vema na kosa.

Jambo moja la mwisho kuhusu mji ule. Hauko kwenye karatasi. Ni mji wa mfano uliojengwa ndani ya banda la zamani la maputo ya jeshi huko Arcadia, California. Kazi ilichukua mafundi 205 na miezi 5, gharama dola 168,000, taa ndogo 15,000 ndani ya majengo na taa kubwa 74 za kuumulika kutoka juu. Walioubuni, Stephen Goosson na Ralph Hammeras, waliteuliwa kuwania Oscar. Kwa filamu inayokumbukwa na wachache, picha zake zimetembea mno: roketi yake ilirudi katika filamu ya mfululizo Flash Gordon ya 1936, na vipande vya picha za mji vikatumika katika Buck Rogers ya 1939.

Kwa nini chakula cha kesho ni kidonge kila mara? Kingewezekana? (Mhudumu wa afya, Kigoma)

Kwenye Just Imagine kidonge kimoja kina supu, nyama ya kuchoma, mboga, kitindamlo na kahawa. Single O anakimeza, kisha analalamika kwamba nyama ilikuwa ngumu kidogo. Watunzi walikipenda kwa sababu ni kichekesho cha bei rahisi: mwigizaji, glasi, na uso.

Kuwezekana, hesabu inakataa. Mtu mzima anahitaji takriban kilokalori 2,000 kwa siku. Chakula chenye nguvu nyingi kuliko vyote ni mafuta, kilokalori 9 kwa gramu. Gawanya 2,000 kwa 9, unapata gramu 222 za mafuta matupu. Kidonge cha gramu moja ni kikubwa tayari, kwa hiyo ni vidonge 222 kwa siku, bila protini, bila nyuzinyuzi, na tumbo litakalokuadhibu kabla ya jioni. Vitamini zinaingia kwenye kidonge kwa sababu mwili unazihitaji kwa miligramu. Nguvu ya kubebea magunia haiingii.

Mbona mashine za filamu hizi huishia kuharibika? Waliogopa maendeleo? (Fundi umeme, Nakuru)

Woga ulikuwepo, lakini sababu kubwa ni ya ufundi wa kuchekesha. Mashine ngeni haichekeshi mpaka mtazamaji ajue inatakiwa kufanya nini. Kwa hiyo filamu inagawanywa: nusu ya kwanza mashine inatenda sawasawa, nusu ya pili ile ile inakosea.

Tazama El hotel eléctrico ya Mhispania Segundo de Chomón, 1908, iliyotengenezwa kwa kampuni ya Pathé. Mume na mke wanafika hotelini. Mapokezi yanabonyeza vitufe, masanduku yanapanda lifti peke yake, yanafunguka, nguo zinajipanga. Brashi inang'arisha viatu vya bwana vikiwa mguuni. Bibi anasukwa nywele bila mkono wa mtu. Barua ya kwenda nyumbani inajiandika. Kisha mfanyakazi mlevi kwenye chumba cha mitambo anavuta swichi zisizo zake, na samani zote zinaingia wazimu. Kwa fundi umeme kuna la kuzingatia hapa: mwaka 1908 hata mtunzi wa vichekesho alishajua kwamba mfumo mzima ukiendeshwa kutoka chumba kimoja, kosa la mtu mmoja linafika kila chumba.

Mchekeshaji wa Marekani Buster Keaton akaifanya vizuri zaidi katika The Electric House, 1922. Yeye ni mhitimu wa botania aliyekabidhiwa kimakosa cheti cha uhandisi wa umeme, na tajiri anampa nyumba aifunge nyaya. Ngazi zinapanda zenyewe. Gari moshi dogo linaleta sahani kutoka jikoni hadi mezani. Bafu linakwenda kitandani. Bwawa linajaa na kukauka kwa kuvuta mpini. Kisha mhandisi wa kweli, mwenye cheti chake, anaingia kwa siri na kuchanganya nyaya. Ngazi inaongeza kasi na kuwarusha watu dirishani hadi bwawani. Keaton alikuwa ameanza kuitengeneza 1921, kiatu chake kikanaswa kwenye ngazi hiyo hiyo, akavunjika kifundo cha mguu. Picha za mwanzo zikatupwa na kazi ikaanza upya baada ya kupona. Ngazi ilikuwa mashine kweli, yenye meno na mota.

Anayeufunga mjadala ni Chaplin, katika Modern Times ya 1936. Haikuwekwa mwaka ujao wowote, lakini mashine yake ya kulisha wafanyakazi ni ya ukoo huu. Lengo lake ni kuondoa mapumziko ya chakula cha mchana. Hata mwuzaji hasemi, ni sahani ya santuri inayomsemea. Gunzi la mahindi linazunguka mbele ya mdomo taratibu, halafu mota inapandwa na kichaa. Mwisho mwenye kiwanda anaikataa mashine kwa kuwa haifai kwa kazi. Huyu mfanyakazi aliyefungwa kwenye kiti akapigwa na mahindi usoni, hakuna anayemuulizia. Hakuna kesho ya kuchekesha iliyonena ukweli mkali kuliko huo.

Tunataka kutengeneza kipande cha viatu vinavyotembea vyenyewe kama vya 1908, kwa simu. Tuanzie wapi? (Wanafunzi, Zanzibar)

Kamera za enzi hizo zilizungushwa kwa mkono. Mzunguko mmoja wa kawaida ulipiga fremu 8, yaani picha 8 za filamu, na mizunguko miwili kwa sekunde ilitoa fremu 16. Kwa hila, mpini ulihamishiwa tundu jingine ambako mzunguko mmoja ulipiga fremu moja tu. Piga, sogeza kiatu, piga tena. Nanyi mtafanya hivyo hivyo.

Tumieni picha 12 kwa sekunde. Kipande cha sekunde 10 ni picha 120, kazi ya saa mbili hivi kwa watu wawili. Simu ikae kwenye stendi ya miguu mitatu, na miguu ifungwe sakafuni kwa utepe. Iwekeni kwenye hali ya ndegeni, maana simu ikiingia katikati kila kitu kinatikisika. Bonyezeni na mshikilie kwenye kioo hadi umakini na mwanga vifungwe. Mkiacha kamera ijichagulie mwanga, kila picha itakuwa na weupe wake na video itakuwa inapepesa. Pigeni kwa kitufe cha waya wa sikioni au rimoti, msiguse kioo.

Fungeni mapazia. Jua linahama na mawingu yanapita, na hilo ndilo linaloharibu kazi nyingi. Taa mbili zisizohamishwa zinatosha. Anayesogeza viatu avae nguo nyeusi, kwa sababu shati jeupe linarudisha mwanga juu ya seti, na kila anaposimama mahali tofauti kivuli kinabadilika.

Mwendo: kiatu kianze kwa nusu sentimita kwa picha, kiongeze hadi sentimita 2 au 3 katikati, kisha kipunguze tena kabla ya kusimama. Mkisogeza sawasawa mwanzo hadi mwisho, kitaonekana kinaburutwa na kamba. Kisigino kikiinuka, kishikizeni kwa kipande cha udongo wa kufinyangia kwa nyuma, upande usioonekana. Kitu cha kuruka hewani kitundikwe kwa mshipi mwembamba wa kuvulia, na ukuta wa nyuma uwe na madoadoa. Kwenye ukuta mweupe uzi unaonekana hata ukiwa mwembamba vipi.

Wekeni alama sakafuni ilipo stendi na kila taa. Umeme ukikatika katikati ya kazi, au mtu akijikwaa kwenye stendi, alama hizo ndizo zitakazowaokoa.

Je, mwanamke wa kesho alionekanaje? (Msomaji, Kampala)

Alionekana kama mwanaume, na mwanaume kama mwanamke. Alice Guy, mwanamke wa kwanza kuongoza filamu, alitengeneza Les Résultats du féminisme mwaka 1906 kwa kampuni ya Gaumont ya Ufaransa. Wanaume wanashona, wanapiga pasi, wanasukuma mikokoteni ya watoto. Wanawake wanakaa baa, wanavuta sigara, na wakimwona kijana mzuri barabarani wanamsumbua. Baba mwenye watoto anamfuata mama yao baa, anafukuzwa. Mwishoni wanaume wanaivamia baa na kurudisha mambo yalivyokuwa.

Ukiitazama haraka utadhani inawakejeli wanawake waliodai haki. Itazame tena. Kila tendo baya analofanya mwanamke humo ni tendo alilolifanya mwanaume wa 1906 bila mtu kushangaa, na Alice Guy hakuongeza hata moja. Mwaka 1912, akiwa Marekani, alirudia wazo hilo katika In the Year 2000, ambayo imepotea. Upande wa pili, The Last Man on Earth ya Fox, 1924, iliua wanaume wote wa zaidi ya miaka 14 kwa ugonjwa, ikabakiza mmoja asiye na mvuto, na wanawake wakamgombania. Hiyo ilitungwa kwa ajili ya kumfurahisha mwanaume aliyelipa kiingilio.

Afrika ilikuwemo katika kesho hizo? (Msomaji wa Bukavu, DRC)

Nchi zetu zilikuwa makoloni, na watunzi wengi hawakutufikiria kabisa. Lakini ipo moja ya ajabu: Sur un air de Charleston ya Mfaransa Jean Renoir, 1927, kama dakika 20, bila sauti. Mwaka ni 2028. Ulaya imeteketea. Mtafiti Mwafrika anapaa kutoka Afrika, iliyostaarabika, ndani ya chombo cha mviringo kama mpira, na kutua Paris kwenye magofu. Anamkuta msichana wa Kizungu aliyebaki porini, aliyevaa nguo chache, akiishi na nyani. Msichana anamfundisha kucheza charleston, na mtafiti anaitazama kama ngoma ya washenzi. Anapotaka kupiga simu, msichana anaichora ukutani, na mchoro unageuka simu halisi. Mwisho wanapaa pamoja kwenda Afrika, nyani anaachwa.

Mzaha wenyewe ni mgeuzo wa picha za wavumbuzi wa Kizungu barani Afrika walizozijua watazamaji wa Paris. Na charleston ni ngoma ya Wamarekani weusi, hivyo mtafiti anafundishwa kama kitu kigeni kilichokuwa cha watu wa asili yake. Lakini kuna doa lisilofichika: Johnny Hudgins, mchezaji mweusi wa Marekani, anacheza akiwa amepakwa rangi nyeusi usoni na mdomo mweupe, kama ilivyokuwa desturi ya majukwaa ya kudhihaki watu weusi. Mgeuzo ulifika kwenye hadithi, haukufika kwenye uso.

Filamu hizi huonekana zikikimbia. Na je, naweza kuzitafsiri kwa sauti kama wanavyofanya ma-DJ wa vibanda vya video? (Mwenye banda, Tanga)

Nyingi zilipigwa kwa fremu 16 hadi 18 kwa sekunde, zikanakiliwa kizembe kwa 24. Kwenye kichezeo chako chagua kasi ya 0.75, 24 inarudi 18, watu wanatembea kama watu. Muziki utaburuza, ufunge. Ukikuta nakala ambayo kasi imesharekebishwa, iache ilivyo. Na baadhi ya michezo ya Keaton ilipigwa polepole kwa makusudi ili ionekane ikikimbia, usiisahihishe yote.

Kutafsiri zinafaa sana kwa kazi ya akina DJ Afro wa Kenya, marehemu Lufufu wa Tanzania na ma-VJ wa Uganda, kwani zina maandishi machache na hakuna sauti ya kushindana nayo. Kibao cha maandishi kikikaa sekunde 5, una nafasi ya maneno kama 10 ya Kiswahili, si zaidi. Sema kabla mashine haijaharibika, eleza inavyotakiwa kufanya kazi. Ikianza kuharibika, nyamaza. Ukisema juu ya kicheko, umekiua.

Kuonyesha hadharani kunaruhusiwa? (Klabu ya filamu, Nairobi)

Marekani inazilinda filamu za enzi hizo kwa miaka 95, hivyo zote zilizotoka hadi mwisho wa 1930, Just Imagine ikiwemo, ziko huru huko tangu 1 Januari 2026. Modern Times inasubiri 2032. Ulaya wanahesabu miaka 70 baada ya kifo cha mtunzi: Chomón alifariki 1929, yuko huru, Renoir alifariki 1979, kwa hiyo Ufaransa filamu yake inalindwa hadi mwisho wa 2049. Kenya inahesabu miaka 50 kwa kazi za picha na sauti, na zote tulizozitaja zimeshavuka.

Kinachowanasa wengi ni muziki. Nakala nyingi za mtandaoni zimepachikwa muziki uliotungwa miaka ya karibuni, na huo una mwenyewe. Fungeni sauti, mkodi mpiga kinanda au taarab ya watu watatu. Kwa onyesho la saa moja: Lumière, kisha Alice Guy (dakika 7 hivi), hoteli ya Chomón (kama 9), Keaton (kama 22), mfunge na Renoir.